Yule Anayeng'aa na Yule Aliyepauka

Jumapili, 2 Machi

Katika mji huu hakuna rangi inayokauka bila idhini yangu. Si majivuno, ni taarifa tu. Nimesikia watu wakubwa huweka shajara ili wakifa wasiwasumbue walio hai kwa maswali, nami nimeona nianze mapema.

Mimi ni fundi rangi za magari. Gerejini wananiita Bingwa. Kila gari lililopita mikononi mwangu, ukiinua kapeti ya buti utalikuta jina hilo, jekundu, dogo, na nyota pembeni. Mwenye gari hajui. Gari linajua.

Leo dada yangu mkubwa kaniita kwake kwa shughuli ya kitaalamu. Binti yake, mpwa wangu huyu wa mwisho, mpole, asiyepandisha sauti hata akikanyagwa, yuko kwenye chama huko chuoni kwao. Wanapenda katuni za Kijapani. Anime, wanaziita. Wanakusanya sanamu za wahusika wake. Nilisema midoli — nikakatwa jicho ambalo sijakatwa tangu enzi za marehemu mama. Sanamu! Zinatengenezwa chache chache, zina alama ya kiwanda, na wanaume wazima wenye ndevu hununiana kwa ajili yake.

Jambo lenyewe ni hili. Kuna mwalimu mstaafu ambaye mwanawe kahama nchi, kaacha chumba kimejaa. Mama wa watu anagawa. Zimebaki sanamu mbili, za msichana yuleyule: nywele za buluu, koti refu kumzidi, soksi moja imeshuka, na begani kabeba nyundo kubwa kuliko yeye. Nimeshampa jina, Binti Nyundo. Moja ni ya kiwandani. Ya pili ni ya kuiga, hata alama imeigwa. Ipi ni ipi, mama kasahau. Na mwana akiulizwa? Kaoa huko aliko, na mbele ya mkewe anasema hajawahi kumiliki sanamu maishani mwake.

Basi wanachama wawili watakwenda Jumanne, kila mmoja atatoka na yake. Walipiga kura. Wa kwanza kuchagua ni mpwa wangu. Wa pili ni rafiki yake mmoja ambaye miwani yake imekula uso wote. Mimi namwita Miwani.

"Mjomba," mpwa wangu kaniambia, kainama kama anaomba radhi, "si uliwahi kupaka hizi kule kwa Wajapani?"

Dada kaguna kutoka jikoni. Mguno wake naujua, una aya tatu.

"Kuwapakia?" nikasema. "Mama, waliniangukia miguuni nisiondoke!"

Sasa hapa kwenye daftari niwe sahihi. Kiwanda hakikuwa Ujapani. Kilikuwa cha Wajapani. Yaani ilikuwa yadi, iliuza magari yao. Nilipaka geti. Lakini geti lile!


Jumanne, 4 Machi

Ushindi!

Chumba chenyewe kidogo, mapazia yamefungwa, kinanuka karatasi. Binti Nyundo wawili wamesimama mezani bega kwa bega. Mwalimu mstaafu kanitazama juu mpaka chini. Nilivaa koti.

"Wewe ndiye mtaalamu, baba?"

"Ndio wanavyosema, mwalimu. Mimi mwenyewe sipendi kusema."

Nikaanza kazi. Kwanza nikawagonga kwa kidole, mmoja baada ya mwingine, kama ninavyogonga mlango wa gari kusikiliza kama chini kuna puti iliyoziba mbonyeo. Nikatega sikio. Sikusikia chochote, lakini nilitikisa kichwa hivi, kama daktari. Nikawaona wote wamesogea karibu.

Halafu nikaangalia rangi. Hapo ndipo sikuhitaji miwani ya mtu. Mmoja alikuwa anang'aa — anang'aa! Unajiona meno kwenye nywele zake. Mwenzake alikuwa amepauka. Mashavu hayana mwako, koti halina mwanga, na pindoni kuna uvumbivumbi umeingia mpaka ndani ya rangi. Gari likija hivyo gerejini tunamwuliza mwenyewe alilifukia wapi.

Mpwa wangu alikuwa ameshaweka mkono juu ya yule aliyepauka. Sijui kwa nini. Nikautoa taratibu, nikauhamishia kwa mwenzake.

"Huyu hapa," nikasema. "Yule amepigwa jua."

Miwani akakohoa. "Samahani, Mjomba. Lakini lile vumbi kwenye pindo... si kama limechorwa?"

"Mwanangu!" nikasema. "Nani duniani atachora vumbi? Mimi miaka yote nalipwa kuliondoa!"

Chumba kizima kikacheka. Miwani naye akacheka, akavua miwani, akaifuta. Mwalimu kasema mtaalamu keshasema. Mpwa wangu akamkumbatia anayeng'aa. Miwani akamchukua aliyepauka, akamfunga kwenye taulo, akashukuru.

Njiani nilieleza jinsi Wajapani walivyonifundisha kusikiliza rangi. Mpwa wangu alisikiliza kila neno. Kuna mtu mwingine duniani anayenisikiliza hivyo? Hayupo.


Jumatano, 5 Machi

Dada kakataa. Kasema hataki mwenye nyundo sebuleni kwake, wageni watadhani wanasubiriwa. Nimeahidi kutengeneza kisanduku cha kioo. Mpaka kiishe, Binti Nyundo analala kwangu, chumba cha nyuma ya gereji, dirishani. Fundi bodi wetu, ambaye tunamwita Kobe kwa shingo yake, kapita kachungulia. Kasema kwa nyundo ile huyo ni wa idara yake, nisimpakepake.


Ijumaa, 7 Machi

Joto leo. Nimetoka gerejini mchana, nimemkuta Binti Nyundo ananata.

Nimemshika mkono, alama ya kidole changu ikabaki mkononi mwake. Rangi haijashika! Nikanusa. Thina ya bei rahisi, ile tunayooshea brashi. Nikampeleka mlangoni kwenye mwanga. Jamani. Jicho la kushoto limekaa juu ya la kulia. Buluu ya nywele imemwagikia kola, wala hawakuziba kwa tepu. Chini ya kidevu kuna chozi la rangi limekauka likining'inia. Mwanagenzi akinifanyia chozi hata kwenye bampa la nyuma, siku hiyo hali nami.

Na ule mng'aro wote! Vanishi tu. Wamemmwagia vanishi kama mtu anayemwaga perfyumu asipotaka kuoga.

Nimekaa kitandani. Sikutaka kuendelea kufikiri, lakini mawazo hayaombi ruhusa. Vumbi lile la pindoni. Lilikuwa jingi chini, likipungua kadiri linavyopanda. Vumbi la kweli halina adabu hiyo. Mtu alikaa akalichora.

Mpwa wangu alikuwa ameshaweka mkono.


Jumamosi, 8 Machi

Leo namwambia. Niliamka nimeamua. Nilinyoa kabisa.

Amekuja mwenyewe saa za asubuhi. "Shikamoo, Mjomba!" Marahaba. Kabla sijafungua kinywa, kafungua chake. Kumbe kesho kutwa chama kinapanga maonyesho kwenye kabati la kioo la chuo. Kawaambia wote kwamba sanamu yake imekaguliwa na mjomba wake, aliyefanya kazi kwa Wajapani, ambao walimwangukia miguuni asiondoke. Kawaambia mjomba wake anaisikiliza rangi.

"Mmoja akabisha," kasema, "nikamwambia, ndugu yangu, wewe baki na vitabu, mjomba wangu ana masikio!"

Akacheka. Mtoto huyu! Mwaka jana aliombwa kusoma ubao mbele ya darasa akaugua tumbo. Leo anatamba, mkono kiunoni, kidevu juu. Nilisikia sauti yangu ikitoka mdomoni mwake. Ile ile, mpaka pumzi ya katikati.

Sikumwambia. Nilimpa maji ya kunywa.

Kaomba amwone Binti Nyundo. Nikamwambia amefunikwa, anatulia.

Anatulia! Ndivyo nilivyosema.


Jumapili, 9 Machi

Gereji imefungwa Jumapili. Nimefunga mlango wa ndani pia, nikatundika turubai, nikamtoa Binti Nyundo kwenye kisimamio chake. Miguu yake ina vitundu vya kuchomekea. Nikamlaza juu ya taulo safi. Nilimwomba radhi kwa sauti, nikageuka kuangalia kama kuna mtu.

Kwanza vanishi. Kipande cha msasa wa maji kilichochakaa, kile laini kama ulimi wa paka, taratibu, nikaitoa yote. Mng'aro ukaondoka na chini yake akatokea msichana wa kawaida, kachoka kidogo. Nikampenda zaidi hapohapo.

Chozi la kidevuni nililipasua kwa wembe. Macho niliyafuta yote mawili. Niliogopa. Boneti ukikosea unarudia. Jicho ukilikosea linakutazama mpaka jioni. Nilichukua brashi, nikaipunguza nywele mpaka zikabaki chache za kuhesabika, nikazuia pumzi. La kulia. La kushoto. Nikarudi nyuma mpaka mgongo ukagusa ukuta.

Alikuwa ananiangalia. Si kwa hasira. Kama mtu aliyebeba nyundo njia nzima akafika akakuta mlango umefungwa.

Nywele nilizipiga kwa bunduki ndogo ya rangi, ile ya kurekebishia mikwaruzo, buluu tatu, nzito mizizini, nyepesi nchani. Koti nikaliua mng'aro kwa unga kidogo ndani ya rangi, siri yangu ya dashibodi. Soksi iliyoshuka niliitia mkunjo. Na pindo la koti — nikakaa chini. Nikachanganya kahawia na kijivu. Nikaanza chini, jingi, nikapanda nalo likipungua.

Nani duniani atachora vumbi? Mimi. Mchana kutwa.

Nilipomaliza nilikuwa sijala na sikuwa na njaa. Nimepaka magari ya harusi, nimepaka gari la mheshimiwa. (Nilipaka kioo chake cha pembeni.) Sijawahi kufanya kazi kama hii. Mkono haukutaka kuweka brashi chini. Nikamtundika kwa waya akauke kichwa chini, nikaenda kumtafuta mtu wa kumwonyesha — nikafika mlangoni nikakumbuka kwamba hakuna.


Jumatatu, 10 Machi

Kobe kaziona kucha zangu. "Bingwa, gari gani la buluu tulilo nalo?"

Nikamwambia kuna mteja wa siri. Kasema mteja huyo ana urefu gani, wa chupa ya maji? Kaondoka anacheka na ile shingo yake.

Mpwa wangu kaja mchana kumchukua. Nilimpa kisanduku, nikageukia upande mwingine kukunja tepu ambayo haikuhitaji kukunjwa. Nikasikia kisanduku kikifunguliwa.

"Mjomba. Umemfanya nini?"

"Nimemfuta vumbi tu."

"Amekuwa... Mjomba, macho yake!"

"Uchafu ule, mama. Vyumba vilivyofungwa."

Akatoa machozi, kaniangukia shingoni. Kasema kweli mimi nina jicho, kwa sababu siku ile yeye mwenyewe alimwona wa kawaida tu, kidogo achague mwingine.

Kazi bora kuliko zote maishani mwangu nimeiita kitambaa cha kufutia. Mimi! Ninayeweza kusimulia kubadilisha tairi mpaka chai ikapoa kwenye vikombe vya watu.


Alhamisi, 13 Machi

Dada kapiga simu. Kasema mwanawe haishi kuimba nyumbani. Chama kizima kimesimama mbele ya kabati, hawatembei. Wanasema hawajawahi kuona rangi kama ile, ndiyo maana ya kitu cha asili. Walichukua picha mpaka taa ikazimwa.

Nikasema nafurahi. Nilikuwa nafurahi! Hilo ndilo baya. Nilifurahi mpaka masikio yakapata moto.

Kisha kasema, "Ila yule mwenzake kanihurumisha. Yule wa miwani."

Kwa sababu hesabu ni nyepesi hata kwangu mimi niliyeacha shule mapema. Zilikuwa mbili. Moja ya kweli. Ikiwa ya mpwa wangu ndiyo, ya Miwani siyo. Wamemwambia aitoe kwenye kabati, isikae na za kweli. Mmoja kamtania, eti apeleke sokoni ikauzwe na vitana.

"Mpwa wako ndiye aliyemfungulia kabati," dada kasema. "Sikuipenda sauti aliyotumia. Sijui kaitoa wapi."

Mimi najua.


Jumanne, 18 Machi

Naandika kwa sababu nikilala nitaota.

Leo jioni tumeanza kukusanya vifaa, nikaona miwani kwenye geti la gereji. Kasimama pale, hataki kukanyaga mafuta, kakumbatia taulo.

"Shikamoo, Mjomba. Samahani kwa usumbufu."

Marahaba, mama, karibu. Nikampa kiti kile kisichoyumba. Kobe alikuwa ananyoosha ubavu wa gari, nyundo ikanyamaza. Shingo ikatoka.

"Sijaja kulalamika," Miwani kasema. "Nataka tu unionyeshe ulijuaje. Siku ile sikukuuliza vizuri. Ili siku nyingine nisikosee."

Akafungua taulo.

Eh. Nimepaka rangi tangu sijaota ndevu, na siku ile chumbani kipofu alikuwa mimi, nimevaa koti. Rangi ile haikupauka. Ilikuwa imetulia. Mashavu yalikuwa na wekundu wa mtu aliyetembea kwenye baridi, wekundu ambao ukiutafuta hauuoni na ukiacha unakurudia. Macho! Mimi yangu niliyachora. Haya yalikuwa yanatazama. Na lile vumbi — punje kwa punje, na katikati ya pindo kuna mahali limefutika kidogo, kama alipita akagusa kitu. Mtu alifikiria hilo. Mtu mahali fulani alikaa, akasema, hapa aliguswa.

Nilitaka kumwuliza aliyeifanya ametumia brashi gani. Nilitaka kupiga magoti.

"Basi, Mjomba?" Miwani akasema. "Ni wapi?"

Nyundo ya Kobe bado imenyamaza.

Nilikohoa. Nikanyoosha kidole. Na kidole kikaenda — Mungu wangu — kwenye vumbi. "Unaona hapa," nikasema. "Imepauka. Cha asili hakipauki."

Akasogea karibu, miwani ikagusa koti. Akaitikia kwa kichwa polepole, kama mwanafunzi mwema. "Hakipauki," akarudia. "Ahsante, Mjomba. Sasa nimejua."

Akaanza kumfunga. Kasema basi atampa mdogo wake achezee, ana miaka minne, anapenda vitu vya kugongea.

"Usimpe!" nilipiga kelele. Mpaka paka wa gereji akaruka.

"Kwa nini? Si ya kuiga?"

"Ncha," nikasema. "Hiyo nyundo ina ncha. Itamchoma mtoto. Iweke juu. Juu kabisa."

Akanishukuru tena. Alinishukuru mara mbili.

Alipoondoka, Kobe kaja kaegemea boneti. Sikumtazama.

"Bingwa," kasema, "mimi bati nikilipinda, nalinyoosha. Wewe umepinda mtoto wa watu, na umempa kiti kizuri."

Nikamwambia hajui anachosema. Kasema kweli, hajui, yeye kaona tu buluu kwenye kucha zangu na kijivujivu kwenye brashi, na ana kichwa kidogo. Akaingia kwenye gari lake, akagonga. Akagonga mpaka tukafunga.


Jumatano, 19 Machi

Nimepaka mlango mmoja mara tatu. Mteja kauliza kama naumwa.


Alhamisi, 20 Machi

Nilikwenda kwa dada. Nimeamua tena. Nilijizoeza njiani: mama, kaa chini, mjomba wako alikosea. Maneno machache! Hata kasuku angeyamudu.

Mpwa wangu kafungua mlango kabla sijabisha. "Mjomba! Umesikia!"

Sikusikia. Kumbe Jumamosi anakuja mkaguzi. Mwanamke mmoja, kazi yake ni kutambua sanamu za kweli, watu humsubiri miezi. Chama kimemwita aziandikie vyeti zile za kabatini kabla maonyesho hayajafunguliwa. Na aliyeshupalia aitwe ni yeye, mpwa wangu, kwa sababu kuna wawili watatu bado wanabisha. Kasimama mbele ya wanachama wote kasema, leteni mkaguzi, leteni hata kumi, mjomba wangu haogopi mtu!

Na kwa kuwa ni mtu wa haki, kamwomba Miwani alete na yake. Ipitiwe tu, ili isije ikasemwa.

"Utakuja, Mjomba? Nimekuwekea kiti cha mbele."

Dada alikuwa anatandika meza, kanitazama. Alikuwa ananisoma. Alinilea yule, alinifunga viatu, anajua uso wangu ukianza kuteremka.

"Mdogo wangu," kasema, "una neno?"

Nilikuwa nalo. Lilifika hapa, kwenye meno. Mpwa wangu kanitazama na macho yale, kidevu juu, hajaugua tumbo tangu mwezi uanze.

"Ninalo," nikasema. "Je, nimewahi kuwasimulia siku mkaguzi wa Kijapani alipokuja kukagua kazi yangu akasahau kofia yake kwa mshangao?"

Nilisimulia mpaka chakula kikapoa. Mpwa wangu alicheka. Dada hakucheka, alikusanya sahani, na aliponipokonya yangu aliishika kidogo kabla ya kuondoka nayo.

Mlangoni nikamwuliza mpwa wangu, kama mtu anayeuliza hali ya hewa, kama naweza kumpata Binti Nyundo hata dakika moja, nimfute. Kasema yuko kabatini chuoni, na ufunguo uko kwa mlezi wa chama. "Kwani bado ana vumbi?"

Hapana, nikasema. Kidogo tu. Chini.


Jumamosi, 22 Machi

Nimekaa korido. Nimebeba daftari kwenye koti, nimesema natoka kupokea simu. Kuna benchi, na mlango una kioo, naona ndani.

Ukumbi umejaa. Niliketi kiti cha mbele kwa muda. Miwani yuko safu ya nyuma, taulo mapajani. Kanipungia mkono. Yeye!

Mkaguzi ni mwanamke mfupi, hana koti, hana mbwembwe. Hagongi kitu. Haongei. Anavaa glavu nyembamba, anachukua sanamu, anaitazama, anaizungusha. Nilifikiri ni hivyo tu. Nikasema moyoni, rangi yangu itasimama. Nikasema, nitakapoona cheti nitapata namna ya kumsaidia Miwani kimyakimya, nitamtafutia nyingine, nitampakia — sijui nilisema nini. Moyo ulikuwa unapanga uongo mwingine na mimi nimekaa tu.

Halafu akaichukua ya tatu kutoka mwisho na akafanya hivi: aliichomoa kwenye kisimamio. Akaipindua miguu juu. Kauliza watoto, alama ya kiwanda hukaa wapi? Wakajibu kwa pamoja, chini ya unyayo! Akawasha kitochi.

Ndipo simu yangu ilipolia bila kulia.

Sasa anamshika wa Miwani. Kamwomba aje mbele. Mtoto kafungua taulo, watu wawili wanacheka pembeni, naona mabega yao. Mkaguzi kamchukua. Kamtazama. Kamsogeza karibu na macho, kamweka mbali, kamrudisha. Kavua miwani yake, kavaa nyingine. Sasa kidole chake kiko pale kwenye pindo, pale vumbi lilipofutika. Hacheki mtu tena. Kasema kitu, sikisikii. Miwani kafunika mdomo kwa taulo.

Mpwa wangu bado amesimama wima. Bado! Anadhani ni heshima tu, anadhani mkaguzi anamliwaza mwenzake. Kageuka anatafuta kiti changu. Hakuna mtu. Ananitafuta mlangoni. Kaniona. Ananiita kwa mkono — Mjomba, njoo, ni zamu yetu.

Mkaguzi keshampa Miwani sanamu yake, kaipokea yetu. Anaizungusha kwenye mwanga. Amesimama. Anaitazama kwa muda mrefu kuliko zote. Anatazama macho niliyoyachora. Naona midomo yake inasema kitu kwa mpwa wangu, na mpwa wangu anacheka kwa furaha. Najua kaulizwa nani kapaka.

Sasa anaichomoa kisimamioni.

Ningeingia sasa, ningesema mwenyewe, angalau ningemwahi mkaguzi. Miguu imekataa. Basi niandike, maana kalamu ndiyo pekee inayonitii.

Chini ya unyayo wa kushoto kuna lile jina. Jekundu, dogo. Jumapili ile, jioni, alipokuwa ametundikwa kichwa chini. Mkono ulikwenda wenyewe.

Hapana. Haukwenda wenyewe. Nyota niliifuta nikaichora upya, kwa sababu ya kwanza haikukaa sawa.